Sauti ya Safu Nzima

Yule mama alidondosha kwanza mwavuli, kisha mkoba, kisha akadondoka mwenyewe.

Nilikuwa juu ya meza yangu sokoni, miguu imezama kwenye rundo la mashati ya mtumba, mzuka umenipanda kama kawaida yangu. Asubuhi hiyo nilikuwa nimetunga ubeti mpya, na ulikuwa unavuta watu kama sumaku:

Njoo dada, njoo kaka, shati hili lina cheo,
Ukivaa unang'aa, ukifua ni la leo!

Dada mmoja alikuwa anachambua mashati ya juu juu tu, kwa vidole viwili, kama anayeogopa kuumwa. Nikamwinamia, nikampigia kwa ile sauti yetu ya kazi, nzito, yenye mkwaruzo mwishoni: "Chini! Chini! Usinitazame mimi, tazama chini!"

Hapo ndipo mwavuli ulipogonga saruji. Mwenyewe alikuwa amenipa mgongo kwenye meza ya mkabala, akipima sketi kiunoni. Hakugeuka. Alilala palepale kifudifudi, mikono kisogoni, na kutoka huko chini akapiga ukelele: "Amefungwa huyo! Amefungwa! Nani kamtoa?"

Soko likisikia neno kama hilo halisubiri maelezo. Kabla sijashuka mezani, mkono wa mtu nisiyemjua ulikuwa umeshanikaba kola. "Mwizi!" akapayuka, na hata hakujua nimeiba nini. Ngumi zikaanza kukunjwa. Aliyeniokoa ni Tarumbeta, mzee wa safu yetu, aliyepasua watu kwa tumbo lake akafika katikati.

"Mwacheni! Huyu ni Malenga wetu, anaiba vina tu, kingine hajawahi!"

Mama akainuliwa, akapewa maji. Akanitazama usoni muda mrefu, kama anayesoma maandishi yaliyofifia.

"Sura yako siijui," akasema. "Lakini hiyo sauti naijua. Hiyo sauti iliniwekea panga hapa." Akagusa kisogo.

Mimi nilikuwa nimeshamjua. Ningemsahauje? Ndiye yule muuza dawa aliyesimama mahakamani, akaapa kwamba mtu aliyevamia duka lake mchana kweupe, uso kaufunika kwa soksi, alikuwa kaka yangu. Alimtambua kwa sauti. Hakuna alama ya kidole, hakuna mali iliyopatikana, hakuna jirani aliyeona chochote. Sauti tu. Na kwa sauti hiyo kaka yangu alipigwa miaka thelathini.

Mtu mwingine angemtukana. Mimi nilicheka, nikaruka kutoka mezani na kumpigia magoti mbele ya soko zima. "Mama, rudia! Nakuomba, rudia ulivyosema, hawa wote wasikie!"

Alinyakua mkoba wake akatoka mbio. Nikabaki na mwavuli wake mkononi.

Sasa lazima nieleze jambo la kazi yetu ambalo watu wa nje hawalijui, na ambalo sisi wenyewe tulilificha kama uchi. Safu yetu ina sauti moja. Anayeanza kazi hasimami mezani siku ya kwanza. Anasimama nyuma ya mwenzake, anafuatisha, anakwaruza koo, mpaka mteja aliyegeuka mgongo asijue nani kaacha na nani kapokea. Sababu ni rahisi: ukienda kula, ukiishiwa pumzi, mwenzako anapokea neno pale pale ulipolitupa, na mteja haoni pengo la kuondokea. "Sauti isikatike," ndiyo sheria ya kwanza ya Tarumbeta, na sheria nyingine sijawahi kumsikia akizitaja. Sauti yenyewe ni yake. Aliitengeneza ujanani, akatufundisha sisi, na kabla yetu akafundisha wengi waliokwenda zao na hajui walipo.

Lakini hilo hatumwambii mteja. Mteja anaambiwa: sauti hii huipati kwingine! Kila mmoja wetu anaapa yake ni moja duniani. Ndiyo biashara.

Na hapo ndipo tulipoangamia. Katika kesi ya kwanza, Tarumbeta alikwenda kumtetea kaka. Alivaa suti. Mwanasheria wa serikali akamwuliza kwa upole, kama anayemsifia: "Mzee, sauti ya mshitakiwa unaionaje?" Mzee wetu akatanua kifua, akasahau yuko wapi, akajibu kama yuko mezani: "Mheshimiwa, sauti ile ni moja tu! Hakuna nyingine mjini hapa!" Nilimwona mwanasheria akiandika huku anatabasamu. Sisi wengine tulikaa kwenye mabenchi ya nyuma tukitikisa vichwa kwa fahari, wapumbavu wakubwa, tukidhani tunamtetea.

Na kaka alikuwa wapi saa ile duka linavamiwa? Alikuwa njiani. Asubuhi hiyo askari wa baraza la mji walinizoa mimi na mzigo wangu, kosa langu kupanga mashati kwenye njia ya miguu, wakanitia mahabusu. Kaka akaacha meza yake akanifuata na chakula. Getini wakamfukuza, akarudi na chakula chake. Mahakamani alipoulizwa nani alimwona, alijibu: "Nilionwa na kila mtu, na hakuna aliyenitazama." Mimi nilitoka jioni ile ile. Yeye aliyeniletea chakula yumo ndani, mwaka wa nne sasa.

Basi nilipobaki na ule mwavuli sikurudi mezani. Nilikimbia hadi kwa wakili.

Wakili wetu ni dada mfupi, mwenye ofisi juu ya duka la fotokopi, chumba ambacho mashine za chini zikiwashwa sakafu inatetemeka na kalamu zinatembea mezani zenyewe. Anatetea watu wasio na uwezo, na ukutani amebandika picha za waliotoka. Rufaa ya kaka alikuwa ameikata mapema, ila kila nilipomuuliza ina nguvu gani alikuwa ananipa chai badala ya jibu.

Nilimweleza nikiwa bado nahema. Akaacha kalamu yake itembee hadi ikaanguka.

"Ngoja. Alikuwa amekupa mgongo?"

"Mgongo kabisa."

"Na akasema amefungwa?"

"Mara mbili! Soko zima shahidi!"

Akasimama. Akakaa. Akasimama tena. "Miaka yote hii nimekuwa nahangaika na jinsi polisi walivyomtambulisha. Unajua walifanyaje? Walimweka mama nje ya mlango, wakamwingiza kaka yako peke yake chumbani, wakamwambia paza sauti, sema maneno ya mwizi. Halafu wakamwuliza mama: ndiye? Mtu mmoja! Sura ina gwaride lake, wanapangwa watu wanaofanana, kuna utaratibu. Sauti haina chochote. Nimeandika, nimelalamika, wananiambia sheria haisemi." Akapiga meza. "Sasa tutaiambia mahakama ya rufaa isikilize yenyewe."

"Nina shairi," nikasema, "ningelisoma mbele ya majaji—"

"Malenga."

"Ni fupi."

"Weka shairi mfukoni. Niletee masikio ya yule mama na koo za wenzako."

Koo za wenzangu hazikuja kirahisi. Nilipowaeleza jioni, tukifunga mizigo, safu iliingia ubaridi.

"Ngoja nielewe," akasema Sukari, anayeuza magauni meza ya pili. "Tunasimama nyuma ya mlango, tunasema maneno ya jambazi, na mama anachagua?"

"Ndiyo."

"Na akinichagua mimi?"

Sukari akakaza kamba ya mzigo wake.

"Nina watoto, Malenga. Kaka yako ni ndugu yetu, lakini nina watoto."

"Yeye alikuwa na nini? Alikuwa na mbuzi?" nikawaka. "Mnakula kwa sauti moja, mnasifiwa kwa sauti moja, ila kufungwa afungwe mmoja! Mimi nitasimama hata peke yangu, nitajigawa!"

Tarumbeta alikuwa amekaa juu ya mzigo wake, kimya, jambo ambalo halijawahi kutokea. Kisha akavua kofia.

"Nilimfunga mimi yule kijana," akasema. "Kwa mdomo wangu, kwa majivuno yangu. Nitasimama. Nitawaambia majaji sauti hii nimeigawa kama njugu. Na akinichagua mimi, mbebe huu mzigo mpeleke nyumbani kwangu, mwambieni mke wangu hatimaye amepumzika kelele."

Sukari akacheka bila kupenda. Aliyecheka hawezi tena kukataa. Wakajitokeza wengine wawili.

Mama yangu alikuwa mgumu kuliko wote. Alikuwa anakunja nguo nilipomwambia, na aliendelea kukunja shati lile lile mpaka likawa dogo kama leso.

"Ile sauti ilimfunga mwanangu. Sasa nyinyi mnataka kwenda kuipaza tena mbele ya mwanamke yule yule. Akisema ndiye kwa mara ya pili?"

"Mama, hatoweza kutofautisha."

"Unajuaje? Wewe unajua kila kitu tangu ulipoanza kuandika hivyo vitu vyako."

"Nilimwona akilala chini, mama. Kwa sauti yangu mimi."

Akanitazama. Akakunjua lile shati, akalikunja upya, vizuri. "Peleka mwavuli wa watu kwanza," akasema. "Hatukai na mali ya mtu humu ndani."

Kwa hiyo niliingia duka la dawa nikiwa na wakili upande mmoja na mwavuli upande wa pili. Siku hizi lina nondo kuanzia kaunta hadi dari, na mama anahudumia kupitia kitundu cha kupitisha mkono. Aliponiona akarudi nyuma mpaka rafu zikalia.

Sikufungua mdomo. Wakili alikuwa ameniapisha njiani.

"Mimi si mwongo," mama akasema kabla hajaulizwa.

"Hakuna anayesema wewe mwongo," wakili akamjibu. "Ulipewa mtu mmoja ukaambiwa chagua. Tunataka safari hii upewe wengi."

"Na nikimchagua yule yule?"

"Basi utakuwa umemchagua."

Mama akashika nondo. Alikuwa na macho ya mtu ambaye halali vizuri. "Tangu siku ile sokoni najiuliza. Kama nilikosea..." Hakuimaliza. Akanyoosha mkono kwenye kitundu, akauvuta mwavuli kwake. "Nitakuja. Lakini sikilizeni, sitamwonea mtu huruma. Nikisikia ndiye, nitasema ndiye."

"Ndicho tunachokitaka," wakili akasema. Mimi nikaitikia kwa kichwa tu, na lilinigharimu hilo.

Aliyebaki ni kaka mwenyewe. Chumba cha wageni gerezani kina wavu katikati, na kelele za watu wengi wanaoongea kwa pamoja. Kaka alikuja akakaa, akaanza kuzungumza, na sikumsikia.

"Paza sauti!"

Akatikisa kichwa, akasogea hadi midomo ikagusa wavu. "Nimezoea hivi. Ile sauti siitoi tena. Nikiitoa humu wanageuka, wanasema, hiyo ndiyo aliyotumia." Alikuwa amekonda, lakini jicho la utani halijakonda. "Bado unawachosha watu na mashairi?"

Nikamweleza mpango wote. Niliongea kwa mikono, kwa mabega, mlinzi akanionya mara mbili. Mwisho nikamnong'oneza wazo langu: akifika zamu yake alegeze sauti kidogo, aitoe nyepesi, nani atajua?

Kaka akaniangalia kama nimemtemea mate.

"Nilegeze? Halafu wakiniachia, niwe nimetoka kwa kudanganya? Watakaosema tangu mwanzo alikuwa mwizi watakuwa wamepata neno." Kwa mara ya kwanza sauti yake ikapanda kidogo. "Nitaitoa ile ile. Yote. Asiponijua, asinijue kwa haki."

Ndiyo maana nampenda. Na ndiyo maana niliogopa njia nzima ya kurudi.

Siku ya kusikilizwa, safu yetu ilifungwa. Meza tupu, zimefunikwa turubai. Wateja waliofika walidhani kuna msiba. Sisi tulijaa mahakamani tukiwa tumevaa mashati bora tuliyoficha wateja wasiyaone. Majaji walikuwa watatu. Wa katikati, mzee mwenye miwani ya kamba, alisikiliza maombi ya wakili huku akijikuna kidevu. Mwanasheria wa serikali hakupinga. Alijua yule mama hatikisiki.

Kwanza akasimama Tarumbeta. Bila suti safari hii.

"Mzee," mwanasheria akamkumbusha, "uliapa kwamba sauti ya mfungwa ni moja tu mjini."

"Niliapa."

"Sasa unasema ulidanganya?"

"Nilijisifu, mheshimiwa. Kwetu sokoni kusifu mali siyo uongo, ni kazi. Nilisahau nimeondoka sokoni." Akameza mate. "Ile sauti ni yangu. Nimewapa wengi, wengine hata sura zao nimesahau. Aliyeingia duka la dawa kaingia na koo langu, na simjui ni nani. Lakini aliyefungwa alikuwa mwanafunzi wangu bora, na mimi ndiye niliyewasaidia kumfunga."

Baada ya hapo jaji wa katikati akaagiza. Mama akaketishwa kiti kinachotazama ukuta. Sisi tukapelekwa kwenye korido ya makarani, nyuma ya mlango ulioachwa wazi kiasi cha kiganja. Tulikuwa sita, karani akatupanga kwa kura, kila mmoja na kikaratasi cha namba kifuani. Kaka, pingu mkononi, alikuwa wa pili. Mimi wa nne. Kwa hiyo niliyoyaona ya mahakamani ni ufa wa mwanga tu, na mengine yote niliyapokea kwa sikio, sawasawa na yule mama.

Maneno yalikuwa yale ya mwizi: Chini! Uso sakafuni! Usinitazame!

Sukari alianza. Sauti ilitoka vizuri. Nikasikia kiti cha mama kikilia sakafuni.

Kisha kaka. Alifumba macho. Akavuta pumzi kutoka mbali, kutoka chini ya ile miaka yote ya kunong'ona, na nikajisemea haitatoka, imekufa. Ikatoka! Ikatoka nzima, nzito, na mkwaruzo wake mwishoni, mlango ukatetemeka kwenye bawaba. Hata askari aliyemshika pingu alirudi hatua. Nilitaka kushangilia na nilitaka kulia: kaka, umejimaliza, umeitoa vizuri kupita kiasi.

Wa tatu akapita. Kisha karani akaninyooshea kidole.

Sitadanganya, nilichofikiria wakati huo hakikuwa sheria wala haki. Nilifikiria: hawezi kunishinda. Amekaa ndani miaka, hajafanya mazoezi, halafu anitoe jasho mimi? Nikaishusha ile sauti kutoka dari la kichwa changu hadi kwenye nyayo, nikaipakia kila kitu nilichokuwa nacho, hasira yote, kila chakula ambacho mama alipika akapakua sahani ya kaka kwa kusahau. "Chini! Uso sakafuni! Usinitazame!"

Kaka akanigeukia, akaninong'oneza:

"Hata hapa unashindana?"

Wa tano, wa sita. Tarumbeta alikuwa wa mwisho, na meno yake machache yalipiga mluzi kwenye "sakafuni". Kisha nikamsikia jaji: "Mama, usiharakishe. Je, kati ya hizi umeisikia ile?"

"Naomba wa pili arudie."

Kaka akarudia. Ile ile, yote, bila kupunguza hata punje. Nikasikia mama akipumua. Nikamsikia mama yangu mimi, huko nyuma ya ukumbi, akikohoa kile kikohozi chake cha kuzuia kilio.

"Na wa nne."

Nikarudia.

Wakili aliniambia baadaye kwamba yule mama alikuwa ameshika vipini vya kiti kama mtu aliye juu ya mti. Mimi nilisikia tu sauti yake, na haikutetemeka.

"Ni wa nne. Naapa. Hiyo siwezi kuisahau, naisikia hata nikilala. Ni wa nne."

"Una uhakika?" jaji akauliza.

"Kuliko siku ile ya kwanza."

Mlango ukafunguliwa kwa kishindo, na mwanga wote ukaniangukia. Mwanasheria wa serikali alikuwa ameshasimama. "Mheshimiwa, naomba huyo namba nne awekwe chini ya ulinzi mara moja!" Mkono wa askari ukatua begani kwangu. Mama yule akageuka, akaniona mimi, mtu wa mashati, akaziba mdomo.

Na mimi nilikuwa nacheka! Askari anadhani nimechanganyikiwa. Nilifungua mdomo nijibu, nina hotuba tayari, ina vina na kila kitu. Wakili akaninyamazisha kwa jicho moja.

"Waheshimiwa," akasema taratibu, kama anayemimina chai kwenye kikombe kilichojaa, "namba nne ni mdogo wake mfungwa. Siku ya tukio, saa ya tukio, alikuwa mahabusu ya baraza la mji. Sihitaji kuwaletea ushahidi. Serikali yenyewe ilithibitisha katika kesi ya kwanza, mwenzangu hapa ndiye aliyesimama akasema: ndiyo, mdogo alikuwa amefungiwa kweli, bali hakuna anayethibitisha kwamba kaka alimfuata. Imo kwenye mwenendo wa kesi mlio nao mezani. Kwa hiyo shahidi, kwa uaminifu wake wote na kwa uhakika kuliko siku ya kwanza, amemchagua mtu ambaye serikali iliapa kwamba alikuwa nyuma ya kufuli."

Jaji wa katikati akavua miwani. Akaivaa. Akafunua makaratasi, akasoma, akamwonyesha mwenzake wa kushoto kwa kidole. Mwanasheria wa serikali alikaa polepole, kama kiti kina moto. Mkono wa askari ukaondoka begani kwangu, na bado kidogo anipanguse vumbi.

Ndipo muuza dawa akaomba kusema. Alisimama, akamtafuta kaka kwa macho, akamwona kwa mara ya kwanza tangu siku ya hukumu, na kikaratasi cha namba mbili kifuani.

"Sikutaka kumwonea mtu," akasema. "Niliapa kwa nilichosikia. Polisi waliniambia: tumempata, msikilize tu uthibitishe. Wakasema tumempata. Nani mimi, niliyetoka kulala sakafuni na panga shingoni, niwaambie hamjampata? Ningepewa wengi kama leo, kosa langu lingeonekana siku ile ile. Mbona sikupewa wengi?"

Nadhani swali lile lilimgusa jaji kuliko hoja zote za wakili, maana aliandika kitu, akapiga mstari chini yake kwa nguvu hadi tukasikia kalamu.

Waliinuka, wakatoka, wakarudi upesi kuliko nilivyotegemea. Sababu zitasomwa baadaye, jaji akasema, zikiwemo za namna sauti zinavyopaswa kutambuliwa kuanzia sasa. Lakini mtu asisubiri sababu akiwa gerezani. Hatia imefutwa. Aachiwe.

Aachiwe! Neno moja! Safu nzima ililipuka, na kwa kuwa sisi ndio sisi, tulilipuka kwa sauti moja. Karani akapiga meza kututuliza, hakusikika hata na meza. Mama yangu alipita juu ya mabenchi. Nasema juu, siyo kati. Sukari alikuwa analia akimkumbatia askari wa watu. Tarumbeta alikaa palepale, kofia usoni, mabega yanatikisika. Na mimi nikalisoma shairi langu. Lote. Hakuna aliyelisikiliza, na sijawahi kulisoma vizuri kama siku ile.

Wiki iliyofuata wakili alikuja sokoni akiwa na meza ya kukunja. Hukumu moja haitoshi, alisema. Jaji anaweza kuandika leo, kituo cha polisi kikasahau kesho; anataka iwe sheria. Asiwepo mtu wa kufungwa kwa sauti bila kwanza kupangwa sauti nyingi zinazofanana, mbele ya wakili wake, na anayesimamia asijue mtuhumiwa ni yupi. Alitaka saini za kupeleka bungeni, saini nyingi, gunia zima.

"Watu hawasimami kusaini," akalalamika.

"Dada wakili," nikamwambia, "umekuja mahali penyewe."

Nikapanda mezani.

Sikio halina macho, msilitwike hukumu,
Likiapa kwa uchungu, nawe litakutuhumu!
Saini hapa, saini hapa, bure kabisa, leo hatuuzi, leo tunagawa haki!

Nikiishiwa pumzi Sukari anapokea, Sukari akiishiwa Tarumbeta anapokea, akimwambia kila mpita njia kwamba sauti hii inapatikana kila mahali, kila mtu anayo, hata wewe mama unaweza kufundishwa. Foleni ilifika hadi kwenye meza za viatu.

Kaka alikuwa pale, kwenye meza ya wakili, akigawa kalamu. Kupiga mnada alikataa. Nilimsihi, nikamtania, nikamwambia koo litaota kutu. "Niache kwanza," alisema, na mama yetu akaniambia nimwache, kwa hiyo nikamwacha, na hilo nalo si kawaida yangu.

Muuza dawa alikuja wakati foleni imekolea. Alikuwa na mwavuli wake kwapani. Aliinama kwenye karatasi bila kuangalia nani amekaa pale, akajipapasa mkobani.

"Kalamu hii hapa, dada," kaka akamwambia.

Akaipokea, akaandika jina, akaweka saini. Kisha mkono ukasimama. Akainua uso. Kaka alikuwa anamtazama, hana tabasamu, hana hasira.

"Ni wewe," akasema.

"Ni mimi."

"Hii sauti..." Akatafuta neno. "Hii sijawahi kuisikia."

"Ndiyo yangu," kaka akasema. "Ya nyumbani. Hakuna aliyewahi kuniambia niitoe."

Mama yule akaweka kalamu chini, akaiokota tena, akaiweka tena. Mwisho akavuta kiti cha pili akakaa kando yake, akachukua rundo la kalamu kutoka mkononi mwake akaligawa mara mbili, nusu yake, nusu ya kaka, na akaanza kuwaita watu waliokuwa nyuma wasogee.

Juu ya meza mimi nilikuwa nimenyamaza. Safu nzima ilikuwa imenyamaza, Sukari mdomo wazi, Tarumbeta kofia mkononi, na foleni ikaanza kugeuka huku na huku, watu wa mwisho wakishika njia ya kuondoka.

Kaka aliinua macho akaniona. Akakunja uso kama bosi.

"Malenga," akasema, kwa ile ya nyumbani, na nikaisikia vizuri kabisa. "Sauti isikatike."

Nikavuta pumzi.